Jina la ukoo kwenye fomu, jina la babu kwenye pasipoti

Fomu za ughaibuni zina kisanduku kimoja kinachotusumbua kuliko vingine vyote: jina la ukoo. Chukua Asha Juma Hamisi. Asha ni yeye mwenyewe, Juma ni baba, Hamisi ni babu. Ukoo haumo. Shangazi yake ana Hamisi katikati, na mtoto wa kaka yake hana Hamisi kabisa. Ofisa wa huku akiwaona watatu hawa kwenye faili moja anaona familia tatu.

Wenye majina ya ukoo hasa, kina Mushi na Massawe wa Kilimanjaro au kina Mwakyusa wa Mbeya, hupita bila maswali. Kazi iko kwa wanaobeba majina ya mzazi, na kwa wale ambao jina lao linasimulia saa ya kuzaliwa. Kwa Wajaluo, Otieno na Atieno wamezaliwa usiku, Okoth na Akoth wakati wa mvua, Odhiambo na Adhiambo jioni. O ni ya mwanamume, A ni ya mwanamke. Karani asiyejua hili hudhani herufi moja imekosewa, na wapo wanaojitolea "kusahihisha". Soma hati kabla ya kuondoka dirishani. Vivyo hivyo Kulwa na Doto wa Usukumani: ni pacha, wa kwanza na wa pili, na anayezaliwa baada yao ni Shija.

Mfumo wa huku haujali maana, unajali mistari miwili ya chini kwenye ukurasa wa picha wa pasipoti. Kwa Asha itasomeka P<TZAHAMISI<<ASHA<JUMA. P ni pasipoti, TZA ni Tanzania, na kinachofuata hadi alama mbili za << ndilo jina la ukoo, upende usipende. Ritifaa (alama ya ') haimo humo, kwa hiyo Ng'ang'a anakuwa NGANGA. Tiketi, benki na mkataba wa kazi viandikwe kwa kufuata mistari hiyo. Tiketi ikionyesha ASHAJUMA kwa pamoja usihangaike, ndivyo mifumo ya ndege inavyounganisha.

Hatari zaidi ni pasipoti yenye majina yote kwenye kisanduku kimoja. Viza ya Marekani hapo huandikwa FNU, yaani jina la kwanza halijulikani, na herufi hizo huhamia kwenye leseni ya udereva na kadi ya bima hadi watu wanamwita mtu "Bwana Fnu". Irekebishe pasipoti nyumbani kabla ya kuomba viza. Baadaye kila hati itadai kiapo chake.

Mtoto akizaliwa, amueni jina mapema. England na Wales mna siku 42 za kumsajili, Scotland siku 21, na Uingereza mko huru kuchagua jina lolote la mwisho. Ujerumani ni kali zaidi: mtoto huchukua jina la ukoo la mzazi, isipokuwa wazazi wamechagua sheria ya nchi yao ya uraia, na jina la mtoto wa kwanza kwa kawaida huwabana wadogo zake. Njia inayosumbua kidogo, kwa baba anayeitwa Juma Hamisi Bakari, ni Salma Juma Bakari: jina la baba linabaki katikati kama nyumbani, na la mwisho linalingana na pasipoti ya baba. Babu Hamisi anarukwa, na wazee watauliza.

England chukueni cheti kirefu cha kuzaliwa. Kifupi hakina majina ya wazazi, na mama asiyeshiriki jina na mtoto atakihitaji kile kirefu mpakani na ubalozini.

Mkenya mwenye uraia pacha, wa Kenya na wa Uingereza, aangalie jambo moja zaidi: Uingereza hutaka pasipoti zote mbili ziwe na jina lile lile. Ukibadilisha huku, badilisha na Nairobi.