Maikrofoni Sakafuni

Jana umeme ulirudi saa tano usiku, usingizi ulishanipaa, nikajikuta namwangalia Momoe Yamaguchi, mwimbaji na mwigizaji wa Japani, akiaga jukwaa. Ni tarehe 5 Oktoba 1980, ukumbi wa Budokan, Tokyo. Gauni jeupe, machozi yanamtiririka, wimbo unaisha. Anainama, anaiweka maikrofoni chini katikati ya jukwaa, polepole, kama anayemlaza mtoto asimwamshe. Anageuka, anaondoka. Kipande hicho nimekirudia mara nne.

Alikuwa na miaka 21.

Wengi wanamjua kwa nyimbo. Mimi nilianza kumjua kwa sinema. Binti aliyelelewa na mama peke yake huko Yokosuka, akabeba filamu nzima mwaka 1974 akiwa na miaka 15 tu. Ilikuwa hadithi ya Kawabata Yasunari, yule mwandishi wa Nobeli, naye Momoe ndiye mcheza ngoma katika kundi la wasanii wanaozunguka. Aliyeigiza naye alikuwa Tomokazu Miura. Wakawa wapenzi wa kuigiza, filamu baada ya filamu, mpaka maigizo yakageuka kweli.

Ya mwisho, chini ya mwongozaji Kon Ichikawa, ni ya Kawabata tena. Humo yeye ni pacha wote wawili, waliotenganishwa wachanga: mmoja kakulia kwenye duka la kimono Kyoto, mwenzake anahangaika na mierezi milimani. Sura moja, maisha mawili. Ilipoingia kwenye majumba ya sinema Desemba 1980, Momoe alikuwa keshaolewa na Miura, tangu Novemba 19.

Nakiri, zamani nilimkasirikia. Kipaji chote kile kiishie jikoni! Nikamlalamikia dada, akanikata kauli: “Wewe ulitaka akuimbie mpaka lini?” Sikuwa na jibu, na sina mpaka leo. Nimezoea wa kwetu, anastaafu Januari, Machi ana wimbo mpya. Huyu waandishi walimwandama hadi mlangoni miaka na miaka, hakurudi. Mwaka 2019 akatoa kitabu. Nikadhani sasa atasema yote. Kumbe ni picha za mablanketi ya viraka, aliyoyashona mwenyewe.

Nilizima simu karibu saa nane. Asubuhi dada kaniuliza mbona macho mekundu, nikamsingizia mbu.