Mrina asali, ndege wake na mteja wa saa nne

Saa 12 asubuhi nanoa. Mpingo ni mzito, ukiutupa majini unazama, na patasi butu ikiugusa inateleza na kukurudia mkononi. Tezo, patasi, kisu cha kumalizia macho na midomo, vyote vinapita kwenye jiwe kabla ya chai. Hapa Masasi wanaopita kwenda sokoni wananisalimia vizuri, "Fundi, za asubuhi?" Ila hakosekani wa kuniuliza nitatafuta kazi lini. Kazi yangu ndiyo hii.

Saa 1 mpaka saa 4 ni kuchonga tu.

Kinachotoka kwenye gogo ni mzee mrina asali na ndege wake. Habari zao nilizipata kwa babu mmoja Myao, wa vijiji vya kuelekea Ruvuma, aliyeanza kurina porini tangu kijana. Mtu anaita kwa mlio aliofundishwa na baba yake. Ndege anaitika, anaruka mti kwa mti, anasimama kumngoja, anaruka tena mpaka penye nyuki. Ndege anajua nyuki walipo, mtu ana moto na shoka. Wakimaliza, asali ni ya mtu, nta na majana, yaani watoto wa nyuki, ni ya ndege. Na ndege huyu ni wa porini, hafugwi na mtu yeyote! Ng'ambo ya mto, Niassa ya Msumbiji, watafiti waliupima mwito huo wa Wayao wakachapisha matokeo mwaka 2016: ukiita, uwezekano wa ndege kukuongoza unapanda kutoka asilimia 33 hadi 66. Babu yeye anaongeza sharti: usipomwachia fungu lake, safari ijayo atakupeleka kwa simba.

Saa 4 na robo gari likasimama. Akashuka bwana mmoja anayetafuta zawadi ya bosi wake anayestaafu. Akaishika kazi yangu ambayo haijaisha, akaigeuza juu chini.

"Fundi, huyu ndege gani? Shomoro?"

Nikamweleza kama nilivyoeleza hapo juu. Akasikiliza nusu, simu ikaita, akazungumza nayo akiwa amekalia kigoda changu, nami nimesimama. Alipomaliza akataka tembo. Kisha simba. Kisha akaona kinyago cha shetani kwenye rafu, akarudi nyuma. "Hivi haya si mambo ya kichawi?" Swali hili linanichosha kuliko tezo. Nikamwambia mtindo huo ulianza Dar es Salaam miaka ya 1950 kwa mikono ya Mmakonde mwenzetu, Samaki Likankoa, na kwamba wale ni viumbe wa hadithi tulizosimuliwa na bibi zetu usiku. Anayechonga kiumbe wa hadithi hakiabudu, anakihifadhi.

Akarudi kwa mrina asali. Safari hii kilichomkera ni bawa la ndege.

"Hapa pamebaki peupe. Paka kiwi, iwe nyeusi yote."

Hapo ndipo tuliposhindana. Mpingo una moyo mweusi, lakini chini ya gome kuna utando mwembamba wa rangi ya maziwa yaliyoungua kidogo. Niliuacha makusudi. Nililipanga bawa tangu gogo likiwa na gome, ili weupe uanzie begani na kuishia kwenye ncha ya manyoya. Wapo wanaochukua mti wowote, wakaupaka kiwi, wakauza kwa jina la mpingo, na mnunuzi akifika nyumbani kitambaa kinatoka cheusi. Mti huu unaweza kuchukua miaka 70 na zaidi kukomaa. Siwezi kuuficha chini ya dawa ya viatu.

Akataja bei ambayo hainilipii hata gogo na kibali chake. Nikakataa. Akapiga simu tena, akapiga picha, akasema mjini zinauzwa rahisi, akasema mimi ni mkaidi, akasema atapita akirudi. Jua lilikuwa utosini alipoondoka.

Ugali wa muhogo, kisamvu, maji.

Mchana ule ulikuwa mrefu. Tupa, halafu msasa, vumbi jeusi puani na machoni, shingo imekakamaa, kiganja kinawaka. Mdomo wa ndege peke yake ulinila muda kuliko kichwa kizima cha mzee. Ni mwembamba, ukikosea pumzi tu unakatika, kwa hiyo nakwangua mara mbili, napuliza, natazama, nakwangua tena.

Watoto walipotoka shule ndipo babu akapita na baiskeli.

"Shikamoo babu."

"Marahaba, mjukuu wangu. Hebu nimwone."

Akapitisha kidole kwenye midomo ya mrina, iliyokunjwa kwa kuita, akatikisa kichwa kukubali. Kwenye bawa jeupe hakusema kitu. Akatafuta chini ya miguu ya ndege.

"Nta yake iko wapi?"

Nikamwonyesha kibonge cha mti nilichokibakiza pale kwenye tako la gogo. Akacheka, akapanda baiskeli yake.

Kesho naanza na sega hilo, vishimo vyake kimoja kimoja kwa patasi nyembamba kuliko zote. Yule bwana akirudi atalikuta bawa jeupe vilevile, na bei ni ileile.