Ghapama: boga zima la kuokwa lenye wali na matunda makavu

Ghapama ni chakula cha Armenia: boga linatobolewa juu, linajazwa wali na matunda makavu, linaokwa zima. Huko hupikwa sana majira ya baridi, kuanzia Mwaka Mpya hadi Krismasi yao ya Januari 6. Ugumu wake ni kwamba boga, mchele na matunda haviivi kwa muda mmoja wala havitaki maji sawa. Karibu kila ghapama iliyoniharibikia, kosa lilikuwa maji.

Nachagua boga la mviringo la kilo 3 hivi, ganda ukucha hauingii, kikonyo kikavu kama kijiti. Boga lililochumwa juzi lina majimaji na utamu haba. Likilazwa wiki tatu nne mahali pakavu, sehemu ya wanga wake hugeuka sukari.

Kifuniko nakikata kisu kikiwa kimelala kuelekea katikati, kitoke na umbo la pia. Ukikata wima, boga likilainika kwenye joto kifuniko kinatumbukia ndani. Nakwangua mbegu na nyuzi zote kwa kijiko cha chuma, maana nyuzi zikibaki wali unateleza mdomoni. Kuta ziwe na unene wa sentimita 2 hadi 3. Chini ya hapo hupasuka. Halafu naonja kipande kibichi. Kikiwa kichungu, natupa boga zima: uchungu huo ni wa sumu iitwayo kukubitasini, na kupika hakuiondoi. Likiwa salama, napaka ndani siagi, kijiko kikubwa kimoja cha asali na chumvi kidogo.

Mchele ni gramu 200. Nauchemsha kwenye maji mengi ya chumvi kwa dakika 8, namwaga maji, nautandaza kwenye sinia upoe. Ukiubana kwa meno, kiini kiwe bado kigumu. Wanaotia mchele mbichi hupata boga lililokwisha kulegea na wali wenye kiini. Wanaotia wali ulioiva kabisa hupata mashendea.

Matunda: aprikoti kavu gramu 100, plamu kavu 80, zabibu kavu 80. Nayaloweka maji ya moto dakika 15, nachuja, na yale maji siyamwagi. Yakitiwa bila kulowekwa yananyonya maji ya wali na kuuacha mkavu. Aprikoti na plamu nazikata vipande vinne, naongeza tufaha moja lenye uchachu, vipande vya sentimita 1. Uchachu huo ni wa lazima, la sivyo chakula chote kinakuwa tamu juu ya tamu. Tende zinafaa badala ya plamu, ila punguza asali. Nanasi na embe zisizokaushwa usitie. Hutoa maji mengi mno.

Nachanganya na siagi gramu 80 iliyoyeyushwa, asali vijiko vikubwa 2, mdalasini kijiko cha chai 1 na lozi gramu 60 zilizokaangwa bila mafuta. Najaza boga robo tatu bila kushindilia, kwa kuwa mchele bado utavimba, kisha namimina mililita 100 za maji ya kulowekea. Nafunika, na kikonyo nakizungushia karatasi ya foili kisiungue.

Oveni iwe nyuzi 180, trei kwenye ngazi ya chini, ndani yake maji ya kina cha kidole kimoja. Bila maji hayo, asali ikivuja inaungua na moshi wake unaingia kwenye boga. Kwa kilo 3 ni saa moja na nusu hadi mbili. Kupima, nachoma ubavuni, karibu na juu, kwa kisu chembamba; kikipita bila kusukumwa, limeiva. Usichome chini, utaachia mchuzi wote. Ganda likianza kuwa jeusi kabla ya ndani kulainika, shusha hadi nyuzi 160 na ulifunike foili.

Asiye na oveni anaweza kulipalia kwenye sufuria pana, makaa machache chini na mengi juu ya mfuniko, boga likiwa juu ya kigae lisigusane na kitako cha sufuria. Muda hapo hautabiriki, kisu ndicho kinachoamua.

Likitoka liache dakika 20, wali umalize kunywa mchuzi. Kisha likate kutoka juu kwenda chini, vipande vinane, ukiishia sentimita 2 kabla ya kitako, nalo litafunguka kama ua katikati ya sinia.