Nilijibu "sawa"

Linaloniamsha saa tisa usiku si alichosema yule dada katibu wa kikoba chetu. Ni kwamba nilijibu "sawa".

Kikoba Jumapili kilikuwa kwa mama wa duka la nafaka, yule wa maandazi ya iliki, mnamjua. Nikapendekeza faini ya kuchelewa ipunguzwe, maana elfu tano kwa dakika kumi ni kukomoana, na wengine tunaunga daladala mbili. Katibu hakuinua hata kichwa kwenye daftari. "Dada yangu, wewe si wa hapa. Sisi wenyeji tunajuana." Wawili wakacheka. Na mimi, miaka 19 ya Tabata, watoto wawili wote waliozaliwa hospitali ya Amana, nikasema, "Sawa, dada." Tena nikachukua andazi la pili.

Tangu siku hiyo nimeshamjibu mara arobaini. Nikiosha vyombo namjibu kwa upole. Nikiwa kwenye foleni ya mwendokasi namjibu kwa Kifaransa. Usiku namjibu kwa Kirundi cha Buyenzi, mtaa wa Bujumbura, ambacho hakifai kuandikwa hapa.

Jumatano nikaingia darasani, ninakofundisha Kifaransa, na wimbo niliokuwa nimeupanga tangu mwezi uliopita, wallahi sikuuchagua kwa ajili ya kikoba. Georges Moustaki, Le Métèque. Mkono wa kwanza: "Madam, métèque ndiyo nini?" Nikawaambia ni neno la Kifaransa la kumdharau mgeni, hasa mwenye sura ya kusini kule Mediterania. Nikawaachia watafute la kwetu. "Mtu wa kuja," akasema mmoja. "Mzamiaji!" wa nyuma akadakia, darasa likavunjika mbavu.

Asili yake ni Kigiriki, metoikos. Athens ya kale ndivyo walivyomwita mgeni aliyehamia akakaa: kodi ya ugeni analipa, vitani anakwenda, lakini kwenye baraza la raia hana kauli. Nikiwa nimeshika chaki nikajiona mle mle. Hisa natoa, faini natoa, neno sina.

Moustaki mwenyewe alizaliwa Alexandria, Misri, mwaka 1934, jina lake Giuseppe Mustacchi. Wazazi Wayahudi wa Kigiriki, asili yao kisiwa cha Corfu, baba ana duka la vitabu. Nyumbani Kiitaliano, mtaani Kiarabu, shuleni Kifaransa. (Wanafunzi wakaniangalia. Mimi nimekulia Kiswahili ndani, Kirundi nje, Kifaransa kwa mwalimu, na wanalijua hilo.) Mwaka 1951 akahamia Paris, na hilo jina la Georges akaliazima kwa Georges Brassens, mwimbaji aliyemhusudu. Miaka na miaka akawa anawatungia wengine. Maneno ya Milord, aliyoimba Edith Piaf, ni yake. Hata Le Métèque alimpa kwanza Pia Colombo, haukwenda mbali. Mwaka 1969 akauimba mwenyewe, na ndipo watu wakamjua.

Ninachokipenda ni kwamba hagombi. Anaanza na lile tusi kama mtu anayejitambulisha mlangoni, anajiongezea mwenyewe Myahudi asiye na makao na mchungaji wa Kigiriki, kisha anamgeukia mpenzi wake na wimbo unaishia kwenye mapenzi. Sauti ya chini, kama mtu anayeongea huku mtoto amelala. Uraia wa Ufaransa alikuja kuupata 1985.

Utulivu huo nilitaka kujidanganya kwamba ndio "sawa" yangu. Siyo. Yangu ilikuwa woga na andazi mdomoni. Lakini nikapiga hesabu: toka afike Paris hadi aimbe ilimchukua miaka 18. Mimi nimempita mmoja tu.

Jana nikampigia Mama, nikijua nitalia. Akasikiliza mpaka mwisho. "Ukasema sawa?" "Nikasema sawa." Akacheka mpaka akakohoa, nikasikia kikombe kinawekwa chini. "Mwanangu, Buyenzi waliniita Mmanyema. Nimeolewa Ujiji nikaitwa Mrundi. Nimekuja kwako huko kukuuguza, jirani zako wakaniita Mama Kigoma. Kwani huyo katibu kwao wapi?"

Same, kule Kilimanjaro. Kwao Same! Nimewahi kwenda msibani kwao, saa nane za basi, miguu ikavimba. Tukacheka mpaka salio likakata.

Zai, mwanangu, ameota jino jipya nyuma ya lile la utoto, na la utoto halitikisiki hata kidogo. Nimemwangalia kwa tochi ya simu mara tatu leo. Waliowahi kuliona hili kwa watoto wao, mling'oa au mlingoja?