Uzoefu wangu wa udiwani: tulivyolifikisha boma kuwa zahanati

Nilikaa kwenye baraza la madiwani vipindi viwili. Cha kwanza, 2010 hadi 2015, niliingia kwa viti maalumu, nafasi za wanawake zinazopatikana kupitia vyama. Cha pili, hadi 2020, nilikuwa diwani wa kata niliyepigiwa kura. Kina mama wenzangu huniuliza niliwezaje kuhama kutoka kundi moja kwenda jingine, maana wengi wa viti maalumu huishia hapo hapo au hutoka kabisa. Jibu langu limo ndani ya boma moja la zahanati, yaani jengo lililoishia kwenye kuta bila kukamilika.

Kwetu ni Nyanda za Juu Kusini mwa Tanzania, nchi ya mahindi, viazi na baridi. Kata ina vijiji vinne, na kimoja kiko mbali kuliko vyote, ng'ambo ya mto. Tangu serikali ilipotangaza mpango wa afya ya msingi mwaka 2007, kwamba kila kijiji kiwe na zahanati na kila kata kituo cha afya, wananchi wa kijiji kile walichoma tofali, wakabeba mawe, wakapandisha kuta hadi kwenye lenta. Hapo nguvu za wananchi zikaisha. Kuta zikaota majani, na mjamzito akishikwa na uchungu usiku wa masika bado alivushwa mto kwa machela. Niliwaona kwa macho yangu.

Diwani wa viti maalumu ana kura barazani sawa na mwingine yeyote, lakini hana kata. Kwenye Kamati ya Maendeleo ya Kata unaingia kama mjumbe wa pale unapoishi. Mwenyekiti ni yule aliyechaguliwa. Nilichokuwa nacho ni makabrasha ya vikao vya baraza. Kila baraza lilipomalizika nilikwenda kwenye mikutano mikuu ya vijiji, nikawasomea watu kilichoamuliwa: fedha kiasi gani zimekusanywa, zimekwenda wapi, kata yetu imepata nini. Sikulazimishwa na mtu. Sheria inawataka viongozi wa kijiji wasome mapato na matumizi kila miezi mitatu, nami niliona si haki wananchi wajue ya kijiji chao wasijue ya halmashauri yao. Tuliita mikutano asubuhi, hasa msimu wa ulanzi, pombe yetu ya mianzi, kwa sababu mchana ukishapita hupati tena akidi ya watu wanaosikilizana.

Mwaka 2015 nilipochukua fomu ya kata, kwenye kura za maoni ndani ya chama wapiga kura walinijua kwa hayo. Wapo waliosema kata inahitaji mwanamume wa kuzunguka na pikipiki. Mzee mmoja akasimama akawaambia, "Huyu binti yetu amekuwa akituletea hesabu hata pale asipokuwa na wajibu. Mpeni wajibu." Nilishinda, na Oktoba wananchi wakanithibitisha.

Kazi ngumu ilianzia kwenye kamati ya kata, ambayo sasa niliiongoza mwenyewe. Watu hudhani vita vya diwani viko kwa mkurugenzi wa halmashauri. Vyangu vilikuwa kwa wenyeviti wa vijiji vyangu, watu niliowaheshimu na waliokuwa na hoja. Vijiji vitatu vilikuwa na maboma: zahanati mbili, na darasa moja. Kila mwaka kata ilipeleka orodha ndefu yenye kila kitu, na orodha ya namna hiyo humrahisishia mpanga bajeti kazi: anachagua kidogo hapa, kidogo pale, na hakuna kinachoisha. Nilipendekeza tupeleke jambo moja tu. Kukawa na kimya, kisha kelele.

Mzee wa kijiji cha pili alikuwa mkali kuliko wote. "Mheshimiwa, sisi tulianza kuchoma tofali kabla yao. Leo unatuambia tusubiri?" Sikubishana naye siku hiyo. Tuliahirisha, nikaenda kwake nyumbani jioni pamoja na mtendaji wa kata, tukala ugali, tukazungumza kama mtu na mwanawe. Alichotaka ni uhakika kwamba zamu yake ingefika. Basi kikao kilichofuata tukaweka vigezo viwili tu: boma limefika hatua gani, na wananchi wanatembea umbali gani kufuata huduma. Kwa vigezo hivyo kijiji cha ng'ambo kilitangulia, chake kikafuata, darasa likawa la tatu. Yote yakaandikwa kwenye muhtasari, wenyeviti wakasaini, na muhtasari ukasomwa kwenye mikutano mikuu ya vijiji vyote vinne ili hata nikifa au nikishindwa uchaguzi, ahadi ibaki ya kata. Nakiona kikao hicho kuwa kikubwa kuliko baraza lolote nililowahi kukaa.

Barazani mambo yalikwenda upesi zaidi. Tulimwomba mhandisi wa halmashauri aje apime na kutuandikia makadirio ya gharama, kwa kuwa ombi lisilo na makadirio haliingii kwenye bajeti hata ulilie. Nikazungumza na wajumbe wa Kamati ya Elimu, Afya na Maji kabla ya kikao, na wenzangu wa zamani wa viti maalumu wakanishika mkono. Fungu likapitishwa kwenye ile sehemu ya mapato ya ndani inayotengwa kwa maendeleo.

Kupitishwa si kutolewa. Mwaka 2017 ushuru wa mazao ulishushwa kutoka asilimia 5 hadi 3 kwa mazao ya biashara na 2 kwa chakula. Kwa mkulima ni nafuu ya kweli, nami niliifurahia, lakini halmashauri inayoishi kwa mahindi na viazi ilipungukiwa. Nilikuwa Kamati ya Fedha, inayokaa kila mwezi, na kila mwezi niliuliza swali lile lile: fungu la boma limefikia wapi? Niliuliza kwa adabu, bila kumtuhumu mtu. Wakati wa mavuno mimi na mtendaji tulizunguka vituo vya ukaguzi kuhakikisha mashine za kukusanyia ushuru zinafanya kazi na risiti zinatoka. Fedha zilikuja kwa awamu mbili. Tukapaua, tukapiga lipu, tukaweka milango.

Hata hivyo jengo lenye bati bado si zahanati. Panatakiwa choo, kichomea taka, shimo la kondo la nyuma, na pa kulala mtumishi. Hapo niliwarudia wananchi, nao wakachimba na kujenga wenyewe. Tabibu na muuguzi walipangwa, na mwaka 2018 milango ikafunguliwa.

Niseme pia kuhusu fedha ya mfukoni, maana ndiyo inayowamaliza madiwani wengi. Posho yetu ilikuwa shilingi 350,000 kwa mwezi. Kwenye mkutano wa kwanza nilitangaza hadharani kwamba nitafika kila msiba nitakaoweza na nitatoa rambirambi kiasi kile kile kwa tajiri na maskini, kupitia kwa mwenyekiti wa kitongoji. Waliokuja na shida ya mtaji niliwaelekeza kwenye mikopo ya asilimia 10 ya wanawake, vijana na watu wenye ulemavu, nikakaa nao kuandika katiba za vikundi. Barabara zilipotoka halmashauri kwenda TARURA, wakala wa barabara za vijijini na mijini, mwaka 2017, na maji kwenda RUWASA, wakala wa maji vijijini, mwaka 2019, niliwaalika mameneja wao kwenye kamati ya kata wajibu wenyewe.

Boma la yule mzee lilipauliwa kabla sijatoka. Mwaka 2020 sikugombea tena. Mama yangu alikuwa mgonjwa na alinihitaji nyumbani. Nilimkabidhi diwani mpya faili la mihtasari pamoja na makadirio ya darasa la kijiji cha tatu, na yeye akaanza nalo.