Mfuatanchi

Jumapili usiku. Mvua imekatika, mfereji wa nyuma ya nyumba bado unaongea.

Kwa miezi mitatu daftari langu lilikwama ukurasa uleule. Ninaandika hadithi ya nchi isiyotulia: usiku vilima vinahama kama ng'ombe wanaofuata malisho, na kijiji kilicholala kusini mwa msitu kinaamka kikiwa kaskazini mwake. Katika nchi hiyo kuna kazi moja yenye heshima kuliko zote, nikaipa jina mfuatanchi. Huyo ndiye mchora ramani. Wafiwa humwendea kuuliza kaburi la baba yao limehamia wapi, na bwana harusi hatoki na mahari kabla ya kumuuliza njia ya ukweni.

Nimempenda mtu huyu tangu siku ya kwanza, lakini nilikuwa sijui kazi yake anaifanyaje. Mwanzoni nilimpa mbio: anakimbizana na vilima, anachora, anafuta, anachora tena. Niliposoma nikaona hana ufundi, ana haraka tu. Nikampa kioo cha kichawi, mambo yakazidi kuharibika. Kama kioo kinajua kila kitu, yeye tena wa nini?

Jana nilikwenda Kunduchi, pwani ya Dar es Salaam, mchana jua kali. Pale ufukweni kulikuwa na mzee anakalafati mashua, anashindilia pamba kwenye maungio ya mbao kwa patasi butu, pigo dogo dogo, bila pupa.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mwanangu. Karibu kivulini."

Tulizungumza samaki, tukazungumza mvua, kisha nikanyoosha mkono baharini nikamuuliza fungu la mchanga wanalolizungumzia wavuvi liko wapi hasa. Akashusha nyundo.

"Lini?"

Nikadhani hakunisikia. Nikarudia. Akatikisa kichwa. "La bamvua au la maji mafu? La kusi au la kaskazi? Mwanangu, fungu haliulizwi liko wapi tu."

Akachovya kidole kwenye kopo la maji akachora ubavuni mwa mashua, kwenye mbao iliyochomwa na jua. Mstari mrefu wenye nundu: hilo la bamvua, mwezi ukiandama au ukiwa mpevu, maji yakikupwa sana. Pembeni akachora kijistari kifupi: hilo la maji mafu, siku ambazo bahari haikupwi sana, halionekani, utalijua kwa rangi ya maji tu. Alipoanza la tatu, lile la kwanza lilikuwa limeshakauka, mbao nyeupe kama haikuguswa. Hakulirudia. Aliendelea kuchora, na mimi ilinibidi nishike akilini yaliyokwisha kufutika.

Kisha akaniambia jambo ambalo nimelala nalo. Marehemu baba yake alimwachia alama ya kulikwepa fungu: mnazi fulani wa pwani ukipangana na paa la msikiti, geuza tanga. Miaka ikaenda, bahari ikaula ufuo, mnazi ukaanguka. "Ikabidi nimtafutie mwanangu alama nyingine. Na hiyo nayo nimemwambia ni yangu, siyo yake."

Njiani kurudi nikakumbuka Mchanga Unaohama, ule wa Ngorongoro karibu na Olduvai. Ni kilima cha majivu meusi ya Ol Doinyo Lengai, upepo umekifinyanga umbo la mwezi mwandamo na unakisogeza kama mita 17 kwa mwaka. Ardhini kumewekwa alama zinazoonyesha mwaka gani kilikuwa wapi. Nilikuwa nimekiandika zamani daftarini kama pambo la hadithi, nikakisifia umbo na weusi. Zile alama nilizitaja kwa nusu sentensi. Kumbe ramani ni zile alama!

Na leo asubuhi, basi la mwendokasi likikatiza Jangwani, niliangalia bonde la Msimbazi kwa jicho jingine. Mto unatoka vilima vya Pugu, unaingia baharini pale kwenye daraja la Selander, na katikati hapa unajitanua unavyotaka. Baada ya mafuriko ya Desemba 2011, watu wa bondeni walihamishiwa Mabwepande. Ramani Huria, mradi wa kuchora ramani za mitaa inayofurika, ulipoanza mwaka 2015, wanafunzi wa vyuo vya hapa mjini walitembea mtaa kwa mtaa, wakachora nyumba na mitaro, wakawauliza wenyeji maji hufika wapi. Mkazi wa bondeni hajibu swali hilo kwa mita. Anakuonyesha goti, kiuno, kizingiti cha dirisha, na anakutajia mwaka. Naipenda kazi ile kwa moyo wote, kwa sababu mwenyeji aliulizwa kabla mstari haujachorwa.

Basi usiku huu nimeuchana ukurasa wa kile kioo. Mfuatanchi wangu sasa anatembea polepole, na kila mstari anaouandika una wakati wake na jina la aliyemwambia. Haruhusiwi kuchora kilima ambacho hakuna mtu aliyekitolea ushahidi. Ramani za waliomtangulia hazichomi. Anazipanga moja juu ya nyingine, anazinyanyua kwenye mwanga wa taa, ndipo anapoiona njia ya kilima.

Karatasi yake ya kwanza imekamilika dakika chache zilizopita. Ina maneno haya tu: "Kilima cha mbuyu, upande wa mawio, alfajiri ya mwezi kuandama. Kwa neno la bibi muuza maziwa, aliyekipita kwa mguu."

Kesho nitamwandika huyo bibi.