Sivui, navaa: siku moja na kaniki yangu

Saa kumi na mbili na nusu asubuhi najinyoosha ukumbini, kabla mama hajashika ufagio. Mimi ni msanii wa maonyesho. Siimbi wala sichori. Chombo changu ni huu mwili. Majirani wakiuliza, mama huwaambia naigiza. Nimemwachia.

Saa tatu nipo Darajani natafuta kaniki, ile nguo nyeusi ya pamba. Muuza duka ananitazama juu mpaka chini. "Kaniki ya nini bibi, kuna ngoma ya pepo kwenu?" Namwambia ya kazi. Bei haikushuka hata kidogo.

Saa tano, mazoezi, kwenye chumba cha shoga yangu Mji Mkongwe. Najifunga kaniki iliyoroweshwa maji. Juu yake kanga nyeupe, kisha buibui, halafu nasimama. Kaniki mpya huchuja, na ndicho ninachokitaka: jasho likitoka, rangi inapenya kidogo kidogo mpaka kwenye kanga, kwanza mabegani, halafu kiunoni. Buibui tu ndilo linaloficha. Mpangilio huu sikuutunga mimi. Unguja hii mtumwa alijulikana kwa kaniki na merikani, pamba nzito isiyotiwa rangi. Sheria ilipoacha kuutambua utumwa mwaka 1897, wanawake wengi walizitupa wakavaa kanga, na baadaye buibui, ili mtu asitazamwe mara moja akajulikana alikuwa wa nani. Kwa hiyo wanaoniambia sanaa ya mwili imeletwa na wazungu hunichosha. Hata msanii Berni Searle, aliyejifunika mwili kwa viungo vya mchuzi kwenye picha zake za mwaka 1998 kuuliza habari za rangi aliyopachikwa, ni wa Afrika Kusini. Na sisi bwana harusi wetu hajamuona biharusi ila keshasuguliwa mwili kwa singo na liwa, manukato yetu ya harusi!

Saa nane, ofisini kufuatilia kibali. Swali ni lile lile: "Utavua nguo?"
"Sivui, baba. Navaa."
Kaka wa mezani akacheka, lakini muhuri ukangoja bosi arudi kutoka kula. Nikangoja na mimi.

Saa kumi na moja jioni, uwanja wa Ngome Kongwe. Vijana wanapiga picha, watalii wananong'ona, na mimi miguu inawaka moto. Nilipofika kwenye buibui, bibi mmoja akaja mpaka mbele yangu, kama yumo nyumbani kwake.

"Hebu mwanangu. Siye hatukufunga hivyo."

Akanifungua, akaiona kanga ilivyochafuka, akaguna. Halafu akanifunga upya buibui la kamba, akakaza kichwani mpaka masikio yakauma. "Kwenu wapi? Mtoto wa nani?" Nikamtajia ukoo wa baba. "Na kwa mama?" Hapo watu wote walikuwa kimya wakisubiri jibu, na mimi nikajibu, ukoo mzima, mpaka bibi yake bibi, ambaye nyumbani hatajwi.

Kesho narudia. Ameniamrisha nije na kamba ndefu zaidi, na yeye atakaa mbele.